Fundo la Kaniki

Mimi nilikuwa mtu wa jenereta.
Maneno yalikuwa ya Bwana Habari,
aliyevaa kaunda suti hata jua la Kigwe likichoma bati,
akakamata kipaza sauti kama shingo ya kuku wa mgeni:
"Mbukwenyi, wananchi! Leo mtauona ushindi kwa macho yenu."

Shuka tulilitundika kwenye ukuta wa ghala la mtama.
Ghala tupu mwaka ule, panya wenyewe walishahama.
Watoto mbele, wazee juu ya vinu vilivyolazwa,
harufu ya dizeli ikigombana na harufu ya mlenda.
Nikavuta kamba. Mashine ikakohoa, ikashika.

Kwanza mizinga. Kisha daraja. Kisha bendera
ikipanda mlingoti kwa pupa.
Sauti ndani ya filamu ilikuwa nene, sauti ya mtu aliyeshiba:
"Na sasa mashujaa wetu wanarejea nyumbani."
Stesheni ya Dodoma. Mabehewa. Mikono nje ya madirisha.
Vijana wanacheka, meno meupe kuliko shuka.

Hapo ndipo Mbeleje aliposimama.
Kivuli chake kikaparamia treni, kikazima madirisha matatu.
"Masigati," alisema.
Hakupiga kelele. Alilitaja jina
kama mtu anayeita mtoto aje ale, ugali usipoe.

Vigelegele! Bwana Habari akanikonyeza: unaona?
Kijiji kizima kikamgeukia mama
aliyerudishiwa mwana na shuka.
Akaomba irudiwe. Tukairudia. Akaomba tena.
Mara ya tatu hakutazama uso.

Alitazama mkono.

"Mzigo ule nilimfungia mimi.
Pishi ya karanga, kaniki yangu ya shamba,
fundo la kushoto, maana kidole hiki hakikunjiki.
Na bado umejaa.
Mwanangu namjua. Karanga zile zisingevuka Saranda."

Pakawa kimya, jenereta langu tu linasema.
Kisha Lesilwa, aliyepokea treni hapo Kigwe miaka kumi na saba,
akaongeza taratibu, kama anayeomba radhi,
kwamba injini ile pua yake iko Tabora.
"Na anayerudi," alisema, "haendi Tabora."

"Filamu imekatika!" akatangaza Bwana Habari.
Haikuwa imekatika. Akanipungia mkono, nikazima.
Ndipo ikakatika.

Niseme sasa, maana wote niliowaogopa wamezikwa:
nilijua.
Mkebe wa filamu nilikuwa naubeba mimi.
Juu yake paliandikwa KUONDOKA,
likapigwa mstari mwekundu,
chini yake, kwa mwandiko mzuri wa ofisini: KUREJEA.
Na shule nilikuwa nimekwenda.

Tulipokuwa tunakunja shuka alikuja gizani.
"Kile kipande chenye mkono, mnauza?
Nina mbuzi wawili. Mmoja ana mimba."
Nikamwambia ni mali ya serikali.
"Na yeye?" akauliza.

Nikajifanya nakaza boliti.

Siku hizi skrini ni kubwa kama nyumba, haihitaji ukuta.
Wameipaka filamu rangi, wameitia ngoma,
na katikati ya daraja na bendera
sasa kuna uso wa mgombea, anatabasamu,
ambaye mwaka ule alikuwa bado ananyonya.
Halafu treni. Halafu uwanja mzima unasimama kushangilia.

Masikio yangu yaliliwa na jenereta.
Sauti nene inasema nini, sisikii tena.
Naona tu madirisha, la nne kutoka mbele,
kijana wa miaka ishirini na mbili anacheka,
kila miaka mitano wanamrejesha,
kila miaka mitano injini inakwenda Tabora,
na karanga hajazionja.